Supu Isiyo na Siagi

Kitunguu cha nne nacho akakirudisha kapuni, kwa sababu kilikuwa kizuri mno. Mpishi alikuwa anatafuta vilivyoanza kuota na kulegea, vile ambavyo kule hotelini angemfokea mtu kwa kuviingiza jikoni.

Mgeni wake alikaa kwenye kiti cha plastiki karibu na mlango, mkoba mapajani, kucha zimepakwa rangi ya zambarau. Huyu ndiye aliyemchukulia mume, sasa mwaka wa tatu. Na leo asubuhi amekuja kwa miguu yake mwenyewe kuomba afundishwe kupika.

"Daktari amemkataza mafuta, dada. Siagi hakuna kabisa, jibini kidogo sana. Lakini wimbo wake ni supu yako ya vitunguu tu. Nikimpa kitu kingine anasusa."

"Anasusa," mpishi akarudia. Alilipenda neno hilo. "Usijali, mdogo wangu. Ipo nyingine nyepesi. Nitapika, uone."

Haikuwepo. Supu aliyoijua yeye ilikuwa ya siagi ya kujaza ngumi, mchuzi wa mifupa iliyochemka tangu jana, na jibini la kuvutika hadi kidevuni. Alimlisha mume miaka ishirini na miwili. Siku ya kuondoka, mume akasema mbele ya mabinti zao kwamba amechoka kulala na mwanamke anayenuka kitunguu. Mpishi akaingia bafuni. Alioga mara tatu siku ile, na hadi leo hajajisamehe kuoga huko.

Sasa alitaka jambo moja tu. Yule mwanamume akae mezani kwa huyu mgeni, avute bakuli, akutane na maji ya kuoshea vyombo. Asuse leo, asuse kesho, nyumba isikalike. Aonje na yeye kukosa pa kutulia.

Akakata vitunguu, akatia kijiko kimoja tu cha mafuta, akawasha moto mkali kusudi viungue.

Tatizo lilikuwa mikono. Vitunguu vilipoanza kushika sufuria, mkono wa kulia ukapunguza moto bila ruhusa. Ukavimwagia kijiko cha maji, ukakwangua, ukasubiri, ukavimwagia kingine. Mikono iliyofanya kazi hotelini miaka thelathini haikuwa tayari kuangalia kitunguu kikiungua. Baada ya saa nzima vilikuwa laini, vya rangi ya asali, na nyumba yote inanukia.

"Mjinga wewe," akajisemea. Mgeni akadhani ameambiwa yeye, akainamisha macho.

Baadaye kidogo mgeni akauliza, "Bado unaishi peke yako, dada?"

"Peke yangu, na raha zangu."

"Vyumba vyote hivi?"

"Vyote."

Umbea huo ulimkera, lakini alijibu kwa kujidai, maana raha hizo alizihangaikia. Mwaka wa kwanza alikuwa akilia hata akiona soksi moja chini ya kitanda. Siku hizi analala katikati ya godoro, anafungulia redio kwa sauti anayotaka, na hakuna wa kumuuliza chumvi iko wapi.

Akarudi kwenye sufuria. Badala ya mchuzi wa mifupa akatia maji ya bomba, na hapo angalau alijishinda. Akaonja. Ilikuwa mbaya kweli, mbaya ya kufurahisha, na ilimpasa aishie hapo. Lakini ulimi ulishajua kinachokosekana, na kabla hajajizuia alikuwa ametia uyoga mkavu, pilipili manga na matone matatu ya siki. Akakausha vipande vya mkate kwenye kikaango kikavu. Jibini akalikata jembamba kiasi kwamba kisu kilionekana upande wa pili.

Akaonja tena. Katika maisha yake hakuwahi kupika supu nzuri kuliko ile.

Alijichukia vibaya sana. Kisha akamtazama mgeni, na moyo ukatulia. Binti hakuwa ameshika kisu. Hakuwa ameandika hata neno moja, wala hakuuliza siki ni kiasi gani. Basi mwanamume aonje hii leo, halafu kesho aletewe maji ya huyu. Hiyo ingeuma zaidi.

"Umeelewa lakini?"

"Nimeelewa, dada. Naweza kubeba hii?"

"Beba yote," mpishi alisema, na akamfungia vizuri isije ikamwagika njiani.

Siku mbili zilizofuata alifanya kazi huku anaimba, hadi wenzake hotelini wakamuuliza kama ameposwa. Kila saa ya chakula ilipofika alimwona akilini mume wake wa zamani akisukuma bakuli, na kila mara alimwongezea usoni mkunjo mmoja.

Siku ya tatu, jioni, mlango ukagongwa. Alikuwa yule binti, amenawiri kama mtu aliyelala usingizi wa kutosha.

"Alisusa?" mpishi akauliza, akijitahidi asicheke.

"Hata tone halikubaki. Alikula, dada, akalia."

"Na ya kwako je, ulipopika?"

"Mimi wala sijapika." Binti alisogea kando. Nyuma yake, kwenye teksi, yule mwanamume alikuwa anashusha sanduku la pili. "Nilimwambia tu kwamba umempikia wewe, na kwamba umemsamehe."