Mzee wa Safu ya Tatu

Kona ilikuwa inapigwa, na Clifford Bagshaw ameshamng'ang'ania straika wa wapinzani jezi kiunoni, pale alipomwona yule mzee. Safu ya tatu, nyuma ya goli, na kofia yake ya bapa inachuruzika maji ya mvua.

Vidole vikamlegea. Straika akachomoka, akaruka peke yake, akafunga kwa kichwa.

"Baggy! Umelala, baba?" kipa alimfokea. "Mtu anaruka mbele ya pua yako, wewe unamwangalia tu kama bibi harusi!"

Bagshaw alikuwa anahesabu milango ya uwanja.

Alikuwa na miaka thelathini na tano, beki wa kati wa daraja la nne, na hii ya Hartlepool ilikuwa timu yake ya tisa. Wengine walisema anahama kwa sababu hapatani na mameneja. Wengine walisema ni tamaa. Hata Glenys, mkewe, hakujua kwamba kila alipoomba kuhama, alikuwa anamkimbia mtu mmoja.

Ilianza Rochdale, miaka kumi na miwili nyuma. Winga wa timu pinzani, Graham Ormerod, kijana wa miaka kumi na minane, alimpita kwa kasi. Bagshaw akateleza kwenye tope, akaugusa mpira kwanza, kisha kiatu chake kikamfikia kijana chini ya goti. Alishawahi kuwachezea watu vibaya kuliko hivyo, wakainuka wakijifuta matope na kumtukania mama yake. Huyu hakuinuka. Mguu ulilia kama kijiti kikavu kikivunjika. Refa hakupuliza hata filimbi.

Jumatatu alikwenda hospitali na mfuko wa zabibu. Hata mlango wa wodi hakuufikia. Mwanaume mpana, mikono ya mchimba makaa ya mawe, alitokea mwisho wa ujia.

"Wewe! Wewe ndiye Bagshaw? Simama hapo hapo!"

Zabibu zilibaki sakafuni. Bagshaw alishuka ngazi tatu tatu.

Wiki mbili baadaye akasoma gazetini kwamba mguu wa Graham Ormerod umekatwa juu ya goti. Jumamosi iliyofuata, baba yake kijana, yule wa hospitalini, alikuwa jukwaani, peke yake, hashangilii, hamtazami mwingine yeyote ila Bagshaw. Mechi ilipokwisha alisimama karibu na lango la wachezaji. Bagshaw alitokea upande wa jikoni, na kabla ya Krismasi alikuwa ameshasaini Hereford.

Huko Hereford ilimfuata barua. Mwandiko ulikuwa mzito, kalamu karibu itoboe karatasi: *Haya si mambo ya kuandika. Nitakuambia usoni, hata ikinichukua maisha yangu yote. H. Ormerod.*

Aliichoma jikoni, akaomba kuhama tena.

Alikwenda hadi Torquay, kusini kabisa, mahali ambapo ukivuka barabara uko baharini. Akakaa miezi saba akianza kulala vizuri. Mwezi wa nane, wakati wanapasha misuli moto, akaiona kofia ya bapa.

"Nimefunga maboksi mara nane, Cliff," Glenys alimwambia walipohamia Hartlepool. "Ya tisa utafunga mwenyewe."

Lakini haingekuwepo ya tisa. Goti lilikuwa limekwisha, na wiki iliyopita meneja alimwambia wazi kwamba mkataba ukiisha mwezi wa tano, basi. Hakuna timu iliyomtaka. Hakuna mji uliobaki wa kukimbilia.

Baada ya mechi alikaa kwenye beseni kubwa la kuogea hadi maji yakapoa na wenzake wote wakaondoka. Alibaki na Wilf, mtunza jezi.

"Kuna mzee mlangoni anakuulizia," Wilf alisema. "Nimemdanganya umeshaondoka. Kaniambia, 'Gari lake lile pale, kijana, nitasubiri.' Mimi nina miaka sitini, ananiita kijana!"

"Nifungulie wa nyuma, Wilf."

Wilf akatoa funguo. Bagshaw akazitazama, kisha akalitazama goti lake, limevimba kama kabichi.

"Acha," alisema. "Natokea wa mbele."

Mzee alikuwa amekonda. Ule upana wote umekwisha, amebaki koti na kikohozi.

"Beki gani wewe una mbio hivyo?" alisema.

"Bwana Ormerod," Bagshaw alisema. "Ukitaka kunipiga, nipige. Sitainua mkono. Ila mke wangu hahusiki."

Mzee akaingiza mkono ndani ya koti. Bagshaw akafumba macho, meno yameumana.

Hakuna kilichomgusa. Alipofumbua macho, mbele yake kulikuwa na picha: mwanaume wa miaka thelathini hivi, wa mguu mmoja, ameegemea gongo, ana mtoto wa kike begani, wote wawili wanacheka.

"Siku ile pale hospitali nilitaka kukuvunja taya, sikufichi," mzee alisema. "Ila walipoupiga mguu eksirei wakaukuta uvimbe ndani ya mfupa. Saratani, na ilikuwa bado haijasambaa. Daktari akatuambia, mguu usingevunjika Jumamosi ile, kufikia Pasaka tungekuwa tumemzika." Akakohoa, akaivua kofia yake pale pale mvuani. "Miaka kumi na miwili, bwana. Kila nikifika, umeshahama. Nilikuwa nataka tu kukuambia asante."