Pete ya Ukoo

Bi Tausi alikuja asubuhi na kopo la mafuta ya mgando, akaketi mkekani karibu na Sikudhani, mke wa kaka yake.

"Lete mkono, wifi."

Katika mji huo, mume akifa, mjane huirudisha pete ya ukoo kwa dada wa marehemu siku hiyo hiyo.

"Kaka yako yu hai. Leo kanywa uji."

"Uji si dawa. Mikono ikivimba kwa kilio, pete haitatoka. Ya shangazi ilikatwa kwa msumeno."

Alimpaka kidole chote, akaanza kuizungusha.

Chumbani mgonjwa aliomba maji. Sikudhani aliuvuta mkono ampelekee. Ulichomoka, pete ikabaki vidoleni mwa wifi yake. Wote wawili waligeukia mlango, lakini mgonjwa hakuita tena.