Riba ya Waliomo

Kwa sheria, bei ya nyumba hulipwa kwa fedha, nayo riba hulipwa kwa miaka ya waliomo kuitumikia benki. Mzee Hezroni na mkewe walikwisha kulipa bei na kutumikia hadi nguvu zikawaishia, lakini riba ya miaka kumi na minane ilibaki.

Binti yao Nakijwa, aliyeolewa mbali, alirudi kwa mama yake kujifungua kifungua mimba, kama desturi ilivyotaka.

"Hongera, mzee, umepata mjukuu!" alisema karani wa benki, aliyekuja kudai riba. "Amezaliwa hospitali?"

"Humu humu, kitandani kwa bibi yake," alijibu Hezroni kwa fahari.

"Baba!" Nakijwa alipiga ukelele.

"Mgeni hahesabiwi," alisema karani, "bali aliyezaliwa humu ni wa humu. Tutamwita akitimiza miaka saba, aitumikie hiyo kumi na minane."

Akagonga muhuri, akamkabidhi Hezroni hati ya nyumba. Deni lilikuwa limekwisha.