Upande wa Ukutani

Mzee Shomvi alipiga hodi kwenye nyumba yake mwenyewe. Aliipangisha kuwa kituo cha polisi baada ya kufiwa na mkewe, Mwanahija. Serikali ilikuwa mpangaji mstaarabu, haipigi muziki wala haigombani na majirani, ila kodi ndiyo hailipi.

"Nimeleta notisi ya wakili," alisema. "Msipolipa, nawashtaki."

Koplo Nyambita akaigonga muhuri. "Mzee wangu, ukitaka kushtaki polisi, si unakuja kuripoti hapa hapa kwetu?"

Wakacheka wote wawili. Kisha koplo akashusha sauti. "Wakubwa wamesema ukienda mahakamani, tunahama. Utarudishiwa nyumba yako."

Mzee akatazama uani. Aliitamani nyumba hiyo kila siku, lakini upweke wake ndio uliomkimbiza.

"Chumba cha uani kina mtu?"

"Mahabusu? Leo wezi wamepumzika."

Koplo akamfungulia mlango wa nondo. Kuta zilijaa majina ya watu, lakini darini bado ilikuwepo ndoano ya chandarua. Mzee aliipigilia mwenyewe zamani, ikaenda upande, Mwanahija akamcheka mpaka akakaa chini.

Mzee akavua viatu, akajilaza sakafuni.

"Mbona unajibana kwenye ndoo ya haja?" koplo akauliza. "Sogea ukutani, nafasi ipo."

"Hapana, mwanangu. Upande wa ukutani ni wake."

Koplo akabaki mlangoni na funguo mkononi, asijue afunge au aache wazi.