Mkate wa Mzee Zelig

Rahab aliitumbukiza chapati kwenye sidiria ikiwa ya moto, akajikaza asipige yowe. Miriam alikuwa anaingia jikoni.

Chakula cha Mzee Zelig alikipika Miriam, bintiye. Kazi ya Rahab hapo Golden Valley, ughaibuni, ilikuwa kumwogesha na kumlisha. Lakini hii ilikuwa wiki ya Pasaka yao Wayahudi. Mzee, aliyefundisha sheria za dini maisha yake yote, sasa macho yamekwenda, meno yamefuata, na amewekewa mkate mkavu kama kadibodi. Siku ya kwanza aliumung'unya mpaka machozi yakamtoka. Rahab akashindwa kuvumilia. Si walisema tu usiwe na hamira? Chapati ina hamira gani? Akawa anakuja na unga mkobani, anakanda, anafunika upumzike, kama alivyofunzwa na mamake kule Nyahururu. Mzee hakuuliza kitu. Aliomba tu dirisha lifunguliwe.

Sasa, kifua kikiwaka, Rahab akauliza kama mtu asiye na habari: unga na maji tu vina ubaya gani?

Miriam akacheka. Unga ukilowa, ukakaa muda wa mtu kwenda dukani, tayari umechacha. Enzi za hekalu, aliyeula wiki hii bila kujua alitoa mbuzi akasamehewa. Aliyekusudia hakuwa na mbuzi. Nafsi yake ilikatwa kutoka kwa watu wake, hata wafu wake.

Akambusu babake, akaenda kazini.

Rahab alimpigia simu shoga yake, Haika wa Brooklyn Park. Haika, ambaye siri kwake hailali, safari hii alimsihi anyamaze: kazi itaota mbawa. Lakini mzee alikuwa anahesabu pumzi, na kila jioni aliongea na marehemu mkewe kana kwamba yuko chumba cha pili. Akikatwa naye je?

Akapiga magoti kando ya kitanda, akamwambia yote.

“Lakini wewe hukujua, Mzee. Utasamehewa.”

Mzee Zelig hakukasirika. Alipapasa mpaka akaupata mkono wake, akaung'ang'ania kama mtu anayeogopa kuachwa peke yake.

“Mkate wa Pasaka haukunjiki, binti,” akanong'ona. “Nilijua tangu tonge la kwanza.”