Mkono Usiolaliwa

Wivu haumwonei haya hata mgonjwa. Figo za Shekue zilipochoka, daktari alimpasua mkono wa kushoto, akaunganisha mshipa unaotoka moyoni na ule unaorudi, ili mashine ipate pa kumsafishia damu. Tangu hapo mkono ukawa unavuma chini ya ngozi kama mzinga wa nyuki. Usilaliwe, nesi alionya, na kila asubuhi usikilizwe. Ukinyamaza, ujue umeziba, mkimbizeni hospitali.

Aliyefundishwa kusikiliza ni Saumu, mke mdogo. Basi hata kwenye zamu ya Mwanamkasi, mke mkubwa, Saumu alikuja asubuhi kuegesha shavu kwenye mkono uliokuwa mto wa mwenzake miaka ishirini.

Leo alikuta mlango umefungwa komeo kwa ndani.

"Dada, nifungulie nisikilize mara moja."

"Nimeshasikiliza. Unavuma."

"Vizuri?"

"Kwani masikio umeumbiwa peke yako?"

Ndala za Saumu zikageuka. Mwanamkasi akatabasamu. Usiku kucha alikuwa ameulalia mkono ule, kama zamani, na Shekue alikuwa bado anakoroma. Sasa ndipo akainama, akaweka sikio kwenye kovu. Akalisogeza. Akakandamiza. Alisikia jogoo wa jirani, akasikia ndala zikififia uchochoroni.

Akalirukia komeo, akalifungua.

"Saumu! Mdogo wangu, njoo usikilize wewe!"

Ndala zikasimama.