Pilau ya Kumuaga Zawena

Katika ofisi ile ya serikali, mtumishi hakuondoka bila kupikiwa pilau, wala hakuna aliyegusa sahani kabla ya anayeagwa kula tonge la kwanza. Kwa hiyo Zawena alipoingia kujitetea mbele ya kamati ya nidhamu, akapokewa na harufu ya bizari na nyama ya mbuzi, alijua hukumu imekwisha iva.

"Karibu, dada Zawena," akasema mwenyekiti, Bwana Kitwana, mtu wa macho makavu. "Hapa hatumwonei mtu. Hatujaamua chochote. Una haki ya kusikilizwa mpaka mwisho."

Wajumbe wakatikisa vichwa kwa huruma ya fisi msibani.

Mpishi akachungulia mlangoni. "Mwenyekiti, anayeagwa keshafika? Niepue?"

Wajumbe wakatazama dari, kana kwamba sheria imeandikwa huko.

Zawena akavuta kiti, akaketi, akatengeneza mtandio wake. "Mpaka mwisho, umesema?"

"Mpaka mwisho."

"Basi nianzie siku niliyoajiriwa."

Akasimulia kwa utuo. Jua likahama dirisha. Tumbo la mjumbe mmoja likanguruma, naye akajifanya anaandika. Harufu ya bizari ikageuka ya ukoko, kisha ya moshi, na bado hapana aliyemkatiza, maana walikuwa wamemuahidi haki.

Mpishi akarudi, mwiko mkononi, machozi yakimtoka.

Zawena akamimina maji kwenye glasi, akanywa kidogo kidogo.

"Sasa," akasema, "mwaka wa pili."